Ukitaka kumwelewa Bell, anza na sikio

Wanafunzi wengi wanamsoma Alexander Graham Bell kuanzia simu aliyoivumbua, na hapo wanampoteza. Anza na mama yake, Eliza, aliyekuwa karibu kiziwi kabisa: Bell alimsogelea kwenye paji la uso akasema kwa sauti nzito ya chini, ili amsikie. Baba yake alichapisha mwaka 1867 alfabeti inayoonyesha ulimi na midomo vinavyokaa katika kila sauti, na kwa alfabeti hiyo Bell alifundisha watoto viziwi Boston tangu 1871.

Mwaka 1874 daktari Clarence Blake alimpa sikio la maiti. Bell alibandika bua kwenye kifupa chake, akalisemesha, na bua likachora mawimbi kwenye kioo chenye masizi. Alitaka viziwi waione sauti. Kilichomshangaza ni kiwambo cha sikio, ngozi inayopokea sauti, chembamba vile kusukuma mifupa mizito kuliko chenyewe; basi kiwambo kikubwa zaidi kingeweza kusukuma chuma. Wazo la simu lilitoka hapo, na hataza yake, yaani hati ya haki ya uvumbuzi, ikatolewa tarehe 7 Machi 1876.

Jaribu mwenyewe kifaa hicho cha kuchora sauti. Wamba mpira wa puto kwenye bomba la plastiki lenye upana wa sentimita 5. Chukua bua jepesi la sentimita 8. Ncha moja ishike ukingoni kwa utepe, icheze kama bawaba. Katikati ya kiwambo gundisha kipande cha sponji chenye unene wa milimita 5, bua likae juu yake lisiguse ukingo wa pili. Kwenye ncha huru gundisha unywele wa brashi.

Laza bomba, bua lielekee chini, kioo kilichofukizwa kwa kibatari kiwe chini yake. Sema "ooo" kwenye mdomo wazi wa bomba huku ukivuta kioo sentimita 10 kwa nusu sekunde, kushoto au kulia. Ukikivuta kufuata urefu wa bomba utapata mstari mnyoofu tu, kwa sababu bua nalo linacheza upande huohuo. Mstari ukinyooka hata hivyo, puto limelegea au unywele unakandamiza kioo. Masizi yawe mepesi, uone mwanga upande wa pili. Usijaribu "s", mtetemo wake ni wa haraka mno na dhaifu.

Usiache pia upande unaoumiza. Bell alimwoa Mabel Hubbard, kiziwi tangu utotoni, na alijua kuzungumza na mama yake kwa herufi za vidole. Hata hivyo alipigania viziwi wafundishwe kusema na kusoma midomo badala ya lugha ya alama, na mwaka 1883 aliandika akipinga viziwi kuoana wao kwa wao. Viziwi wengi hawajamsamehe kwa hilo, na wana haki.