Kabla ya kamera, sauti: kwa binti wa kusini anayetaka kutengeneza filamu

Kila nikimaliza kuonyesha kazi yangu hapa Mtwara, hakosi binti wa kunivuta pembeni na kuniuliza, "Dada, nianzie wapi?" Wengi hutegemea nitawatajia aina ya kamera. Mimi huwauliza kwanza: ukiandika maneno ya mhusika wako, unaandika kwa sauti ya nani? Leo nijibu kwa kirefu, maana swali hilo limenigharimu miaka.

Nilianza kuigiza kwenye kikundi cha shule, kisha nikapanda basi kwenda Dar es Salaam, kilomita zaidi ya 550, nikiwa na begi moja na namba ya simu ya mtu aliyesema atanipokea. Kazi nilipata upesi. Siku ya kwanza niliposoma mistari yangu mbele ya mwongozaji, waliokuwepo walicheka. Mistari haikuwa ya kuchekesha. Walicheka lafudhi yangu. Nikapewa nafasi ya dada wa kazi. Filamu iliyofuata, dada wa kazi. Ya tatu, dada wa kazi aliyetoka kijijini asiyejua friji inafunguliwaje. Nilikuwa naweza kulia bila kutiwa kitu machoni, na kurasa tano nilizishika kwa kuzisoma mara mbili, lakini waliniita kwa sababu moja tu: watu wacheke jinsi mama yangu anavyozungumza.

Kisha ikaja filamu moja ambayo sauti zetu ziliharibika, kwa kuwa jenereta iliwekwa karibu mno na seti. Wakati wa uhariri wakamwita msichana mwingine akaingiza sauti yake juu ya midomo yangu. Sikuambiwa. Niliiona kazi ile kwenye kibanda umiza, banda la kuonyeshea video, huko Mbagala, nimekaa katikati ya watu. Uso wangu, sauti si yangu. Hakuna aliyegundua. Mimi ndiye niliyeshindwa kukaa hadi mwisho.

Kuanzia hapo, siku nisizokuwa na sini, yaani tukio la kuigiza, nilikwenda kukaa karibu na mtu wa sauti. Kwenye seti kuna saa nyingi za kungoja, na waigizaji wengi huzimaliza kwenye simu. Kaka yule hakuwa na msaidizi, akanipa bumu niishike, ile maiki iliyofungwa kwenye mti mrefu. Mikono ilianza kutetemeka kabla dakika tatu hazijaisha. Lakini alinivika hedifoni, na hapo ndipo nilipoanza kuisikia filamu. Nilisikia bangili za mwenzangu zikimeza maneno yake. Nilisikia friji ya nyumba ya jirani. Nilisikia kwamba nikikaribia neno zito huwa nashusha pumzi, na kumbe uchungu wote ulikuwa kwenye pumzi ile, si kwenye neno. Sijawahi kufundishwa uigizaji namna ile.

Kwa hiyo, mdogo wangu, ukipata nafasi ya kuigiza, hata ya kupita na trei ya chai, jitafutie kazi ya pili kwenye seti hiyo hiyo. Mimi nilichagua sauti kwa sababu ya donda langu. Wewe unaweza kukaa na mhariri, au kuandika kumbukumbu za mwendelezo: nani alivaa nini, glasi ilikuwa mkono gani. Barbara Loden, mwigizaji wa Marekani, alipotoa filamu yake mwaka 1970, aliiandika, akaiongoza na akaigiza yeye mwenyewe kama mhusika mkuu, na kikosi kizima cha utengenezaji kilikuwa watu wanne. Watu wanne hawawezi kufanya filamu ikiwa kila mmoja anajua kitu kimoja tu.

Sasa vifaa. Usikope ili ununue kamera. Kamera ya kukodi ipo, na simu nzuri ya siku hizi inatoa picha inayokubalika. Pesa yako ya kwanza nunua kinasa sauti kidogo, maiki moja ya kubana kwenye nguo, na hedifoni zinazoziba masikio vizuri. Maiki ya kubana hukaa vyema chini ya kanga, ila kanga mpya haifai. Kanga ambayo haijafuliwa ina wanga, kila mwigizaji akipumua inakwaruza kama karatasi. Ifue mara mbili kwanza. Mti wa bumu unaweza kuutengeneza kwa mwanzi. Kwenye mipangilio ya kinasa chagua biti 24 na kilohezi 48, na acha mshale wa sauti ucheze kwenye desibeli 12 hivi chini ya sifuri, ili mtu akipiga kelele ghafla sauti isipasuke. Kabla hamjaondoka mahali popote, nyamazeni wote dakika moja mrekodi mahali penyewe: upepo wake, nzi wake, bahari yake kwa mbali. Dakika hiyo ndiyo mhariri ataitumia kuziba viraka kati ya teki na teki, yaani kati ya kila mara mliyopiga sini.

Mkizima friji ya mwenye nyumba ili mlio wake usiingie kwenye sauti, wekeni funguo za gari mliyokuja nayo ndani ya friji hiyo. Hamtaondoka bila kuiwasha. Mimi nilisahau siku moja, samaki wa mama mmoja pale Shangani, hapa Mtwara, wakaharibika. Nilimlipa, lakini hakunifungulia mlango tena.

Baada ya miaka kadhaa nilirudi nyumbani na hati ya filamu fupi. Hadithi ya bibi na mjukuu wake wanaobangua korosho. Niliijua tangu utoto: mafuta ya ganda yanavyochoma vidole, majivu tunayopaka mikononi, mlio wa rungu dogo likigonga gandani, ko, ko, ko, mchana kutwa. Nikaenda kijijini kwa mama, wilaya ya Tandahimba, nikamwomba bibi mmoja jirani aigize. Hakujua kusoma, kwa hiyo nilimkalisha kwenye mkeka nikamsomea mistari yake. Alisikiliza kwa adabu hadi mwisho. Kisha akaniuliza, "Mjukuu wangu, huyu anayesema hivi ni nani? Mimi sisemi hivi."

Nilikaa kimya. Nilikuwa nimemwandikia Kiswahili cha taarifa ya habari. Nilichofanyiwa Dar, nami nilikuwa nakuja kumfanyia yeye, tena kijijini kwake.

Usiku ule nilifuta mistari yote ya bibi. Nikaacha maana tu. Asubuhi nilimweleza: hapa unamkatalia mjukuu asiende mjini, lakini hutaki ajue kwamba unaogopa. Akasema mwenyewe, nusu Kimakonde nusu Kiswahili, na maneno yake yalikuwa mafupi kuliko yangu, na makali. Tuliweka tafsiri ya Kiswahili chini ya picha. Wapo walioniambia filamu ya Kitanzania isiyo ya Kiswahili mwanzo hadi mwisho haitauzika. Mimi naamini mtazamaji husoma maandishi kwa hiari yake iwapo uso ulio juu ya maandishi hayo unasema kweli.

Hapo ndipo nilipomtafuta Safi Faye, mtengeneza filamu wa Senegal, na natamani kila binti wa kusini amjue. Alikuwa mwalimu wa shule, akaigiza katika filamu ya Mfaransa Jean Rouch, kisha akasoma etnolojia, yaani elimu ya jamii na tamaduni za watu, na filamu huko Paris. Mwaka 1975 alitoa filamu aliyoipiga kijijini kwa wazazi wake, wanakijiji wakiigiza maisha yao wenyewe na wakijadili wazi kilimo cha karanga, zao la biashara lililowafunga kwenye umaskini. Jina la filamu hiyo kwa Kiwolofu maana yake ni Sauti ya Mkulima. Anatajwa kuwa mwanamke wa kwanza wa Afrika kusini mwa Sahara kuongoza filamu ndefu iliyosambazwa kibiashara. Sisi watu wa huku tunaielewa habari ya karanga bila mkalimani. Mwishoni mwa miaka ya 1940 Waingereza walifyeka mapori ya Nachingwea kwa ajili ya karanga, na bandari ya Mtwara ilijengwa kwa sababu ya mpango huo ulioanguka. Leo zao letu ni korosho. Kila msimu wanakijiji wanabishana kuhusu bei ya mnada na stakabadhi ghalani, ule mfumo wa kuuza korosho kupitia ghala, na mabishano hayo yana sini nyingi kuliko jumba lolote la kifahari utakalokodi Mbezi.

Turudi kwenye upigaji. Kalenda ya kusini usipoijua, itakula siku zako. Mimi nilipanga kupiga mwezi wa saba, nikijua mvua hakuna na mwanga wa asubuhi ni mzuri. Siku ya kwanza tuliamka gizani, tukapanga kila kitu, bibi akakaa mkekani. Jua linachomoza tu, mashamba yote yakaanza kunguruma. Ni msimu wa kupuliza salfa kwenye mikorosho, na watu hupuliza alfajiri na mapema, umande ukiwa bado kwenye majani, kwa mashine za mota wanazobeba mgongoni. Tulipoteza asubuhi mbili. Mwisho nilikwenda kwa mwenyekiti wa kijiji kuuliza nani anapuliza lini, nikaandika kwenye daftari shamba kwa shamba, tukahamia upande uliokwisha kupulizwa. Mwezi wa kumi upepo unatulia, ni maleleji, sauti inaingia safi kabisa, lakini ndio msimu wa kuokota korosho na huwezi kumtoa mtu shambani kwake kwa posho ya elfu kumi. Wala usimtoe. Mfuate huko huko. Na ratiba yako iheshimu adhana. Kwanza kwa adabu. Pili kwa sababu adhana ikiingia katikati ya sini, hutaweza kuikata sini hiyo popote bila mtazamaji kusikia kwamba umekata.

Kuhusu vibali nitasema kwa kifupi. Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza, Namba 4 ya mwaka 1976, inataka uwe na kibali cha Bodi ya Filamu kabla ya kupiga, na filamu ikaguliwe na kupangiwa daraja kabla ya kuonyeshwa. Anza mapema, na mwone Afisa Utamaduni wa halmashauri yako. Kijijini, mtendaji na mwenyekiti wawe na taarifa kabla gari halijafika.

Mkataba ndio unaohitaji maneno mengi. Enzi za DVD nililipwa mara moja kwa kazi ambayo baadaye niliiona ikirushwa tena na tena kwenye televisheni. Nilipouliza, niliulizwa karatasi yangu iko wapi. Sikuwa nayo. Hata aliyeongoza filamu hakuwa nayo: kazi nzima ilikwisha kuuzwa kwa msambazaji, haki zote, kwa pesa ya mkupuo. Na usidhani ni sisi wadogo tu. Filamu ndefu ya mwisho ya Safi Faye ilipigwa mwaka 1990 lakini ilionekana mwaka 1996, kwa sababu ya mgogoro wa kisheria. Miaka sita filamu imekwisha kupigwa na mwenyewe hawezi kuionyesha.

Basi andika ukurasa mmoja. Nani anamiliki picha na sauti, nani analipwa kiasi gani na lini, ikiuzwa kila mmoja anapata fungu gani, inauzwa wapi na kwa miaka mingapi. Anayekutaka usaini haki zote za milele, mwambie aandike idadi ya miaka. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 inamtambua hata mwigizaji, lakini mbele ya mtu anayekukana, karatasi yenye saini na shahidi ndiyo inayosema. Kwa wazee kama bibi yangu yule, isome kwa sauti, kipengele kwa kipengele, mbele ya mtoto wake, na urekodi akikubali. Bibi alinisimamisha kwenye kipengele cha picha zake kutumika kwenye tangazo. Alikataa. Tukakifuta, na alikuwa na haki.

Kuna na kitu ambacho wageni watakuomba, na watakuwa na pesa mkononi: picha za unyago. Niliombwa mara mbili. Ya unyagoni hayapigwi picha, na binti uliyefundwa unajua kwa nini. Ngoma ya hadharani, sindimba uwanjani, kinyago cha lipiko kikitoka mbele ya watu, hayo omba ruhusa ya wenyewe upige. Ya ndani yaache ndani. Nilipoteza kazi moja kwa msimamo huo na sijajuta.

Ikikamilika, usiiweke mtandaoni usiku huo huo. Matamasha mengine hayapokei kazi iliyokwisha kuwa wazi kwa kila mtu. Tuma kwanza kwenye tamasha la filamu la Nchi za Jahazi, ZIFF, Zanzibar. Ukipata nafasi ya kukaa Ngome Kongwe usiku na watu usiowajua wakitazama kazi yako, utajifunza palipo parefu mno bila kuambiwa. Nakala weka tatu, moja iwe nyumba nyingine kabisa.

Ila onyesho la kwanza lifanye kwa waliokupa sauti zao. Sisi tulitundika shuka jeupe ukutani na kuazima spika za mwenye kibanda umiza. Watoto walicheka kila walipomwona mtu wamjuaye, wakubwa wakawanyamazisha. Ilipofika sini ya bibi kumkatalia mjukuu, kukawa kimya, ikasikika ile pumzi anayoshusha kabla hajasema. Sikuwa nimeiandika popote. Bibi alinigeukia akaniuliza kama naweza kurudisha pale. Nikarudisha.

Kinasa sauti changu cha kwanza bado kinafanya kazi, kitufe kimoja tu kimelegea. Ukiwa na hati ya kurasa tano na watu wawili wa kukusaidia, njoo ukiazime. Njoo na kanga iliyokwisha kufuliwa.