Ukigeuka kitandani na chumba kikazunguka: si macho, si presha, na si kazi ya vidonge

SWALI

Asalaam aleikum daktari. Mimi ni mama wa miaka 56, mkaazi wa Kisauni, kazi yangu ni kupika mahamri na mbaazi za kuuza asubuhi. Tangu Rajabu, nikigeukia ubavu wa kulia kitandani chumba kizima huzunguka, na mara mbili nimetapika. Nikiinua kichwa kutoa unga rafu ya juu ni vivyo hivyo, na sujudu sasa naiogopa. Hudumu kidogo tu kisha hutulia. Nikaambiwa ni macho, nikanunua miwani. Nikaambiwa ni presha, na kila nikipimwa iko sawa. Huu ni mwezi wa nne nameza vidonge vya kizunguzungu kutoka kemisti. Jirani anataka nikatiwe mafuta ya vuguvugu sikioni kwa mzee mmoja anayesifika. Sikio na macho yana uhusiano gani, hata sikio likiwa na kasoro nione kuta zinakwenda? Na vidonge niendelee navyo?

JIBU

Waaleikum salaam, mama. Nimelishika swali lako mbele ya mengine kwa sababu ya vidonge hivyo. Haipiti wiki kliniki bila mtu kunimwagia mezani bahasha za kaki, tano au sita, kila moja imeandikwa "1x3", na ndani mna dawa ile ile kwa majina tofauti. Amezimeza miezi, pengine mwaka mzima, na ukimlaza upande wake mbaya macho yanacheza kama siku ya kwanza. Nitayafikia hayo, lakini nianzie ulipouliza.

Keti, nyoosha mkono, simamisha kidole cha shahada mbele ya macho. Kichwa kitulie, na utikise kidole kulia na kushoto upesi uwezavyo. Mistari ya ngozi ya kidole huioni, unaona ukungu tu. Sasa kidole kitulie, na utikise kichwa kwa kasi ile ile. Unakiona kidole vizuri, hata ukingo wa kucha. Macho ni yale yale na kasi ni ile ile. Mara ya pili sikio limeingia kazini.

Macho peke yake ni mazito kufuata mwendo. Tangu kitu kisogee hadi jicho lianze kukiandama, hupita kama sehemu moja ya kumi ya sekunde. Sikio la ndani halingoji hivyo. Kichwa kikianza tu kugeuka, amri hufika kwenye misuli ya macho kwa kama sehemu moja ya mia ya sekunde, na macho hugeuzwa upande wa pili kwa kadiri ile ile kichwa kilivyogeuka. Njia yenyewe ni fupi: neva moja kutoka sikioni, ya pili ndani ya shina la ubongo, ya tatu hadi kwenye msuli wa jicho. Huwazi wala huamui. Ndiyo maana unatembea sokoni Kongowea ukisoma bei ya nyanya huku kichwa kinapanda na kushuka kila hatua, na maandishi hayaruki.

Kila sikio lina mifereji mitatu midogo iliyopinda kama bangili zilizokatwa, kila mmoja umeelekea upande wake, na ndani mna maji. Wewe ni mpishi, utanielewa upesi: ukiizungusha sufuria ya uji ghafla, sufuria inakwenda na uji unabaki nyuma. Kichwa kikigeuka, maji ya mfereji hubaki nyuma hivyo hivyo, yakausukuma utando laini kama jeli uliokatiza njia, na vinywele vilivyopandwa ndani yake vikapinda. Kupinda huko ndiko habari inayopelekwa kwenye ubongo. Sikio la kulia na la kushoto hupeleka habari wakati wote, hata umelala. Ukigeuka kulia, la kulia huongeza na la kushoto hupunguza, na ubongo husoma tofauti ya hizo mbili.

Pamoja na mifereji kuna vifuko viwili vinavyopima mvuto wa ardhi, na juu yake zimetandazwa chembe za chokaa, kalisiamu kaboneti, kitu kile kile cha matumbawe yaliyojengea nyumba za Mji wa Kale. Umri ukienda, au mtu akipigwa kichwani, au akilala kitandani muda mrefu kwa maradhi, baadhi ya chembe hubanduka. Zikiingia kwenye mfereji, mara nyingi ule wa nyuma, taabu ndipo inapoanza. Ukigeukia kulia kitandani, chembe zinaporomoka na kuyaburuta maji. Kichwa kimeshatulia kwenye mto, ila maji bado yanakwenda, na mfereji unauambia ubongo kwamba kichwa kingali kinazunguka. Macho yanatii. Yanatambaa upande mmoja, yanarushwa kurudi, yanatambaa tena. Mama, kuta haziendi. Yanayokwenda ni macho yako, na picha ya ukuta inateleza ndani ya jicho. Chembe zikifika chini, maji yanatulia, na kwa kawaida yote hayo humalizika kabla ya dakika moja.

Kwa hiyo miwani haikuweza kukusaidia kizunguzungu hiki. Kioo hurekebisha mwanga unavyoingia jichoni, hakizuii jicho lisichezeshwe na sikio. Kama inakufaa kutunga uzi kwenye sindano, ivae kwa kazi hiyo. Na presha nayo: kizunguzungu cha presha kushuka huja ukisimama, macho yakaingia giza, ukahisi unazimia. Hakingoji ugeuke ubavu. Presha iliyopanda kwa kawaida haina dalili yoyote, na ndiyo hatari yake, basi endelea kupimwa, lakini usiisingizie hili.

Sasa vidonge. Hesabu mwenyewe. Kidonge chataka nusu saa au zaidi hadi kianze kazi. Kizunguzungu chako hakifiki dakika. Chembe ni kitu kigumu kilichoingia mahali si pake, na hakuna kidonge kinachoweza kukiokota. Dawa hizi, kama sinarizini na prokloperazini, hutuliza neva na kuzuia kutapika. Zina nafasi yake: mtu ambaye neva ya sikio imevimba ghafla, anazungukwa na dunia usiku na mchana, tunampa siku mbili tatu apumue. Baada ya hapo namwondolea, kwa sababu ubongo hujifunza kufidia sikio bovu kwa kuliona kosa lenyewe na kulisahihisha. Ukiulaza kwa dawa, hausahihishi. Mgonjwa wa namna hiyo nampa zoezi: aandike herufi moja kwenye kadi, aishike mbele yake, aikazie macho huku akigeuza kichwa kulia na kushoto kwa dakika moja, mara kadhaa kwa siku. Linachosha na linatia kichefuchefu mwanzoni, na ndilo linalomponya.

Kuzimeza miezi kuna gharama. Husinzisha, na mzee anayesinzia usiku huanguka akienda msalani, akavunja nyonga. Zikitumika muda mrefu, hizo mbili nilizozitaja zaweza kuleta mikono kutetemeka na mwendo kuwa mzito, hata mtu akaanza kutibiwa ugonjwa wa kutetemeka asio nao. Hili hunikera kuliko yote, kwa sababu kosa si la mgonjwa. Mtu ameeleza neno moja, "kizunguzungu", akapewa kidonge dirishani bila kuulizwa kinakuja lini, kinadumu muda gani, na akilala inakuwaje. Maswali hayo matatu hayahitaji mashine.

Unachohitaji wewe ni kulazwa kitandani kwa namna maalumu, si kulazwa wodini. Mnamo 1952 Margaret Dix na Charles Hallpike wa London walieleza jinsi ya kumpima mtu kama wewe: unaketi kitandani, kichwa kinageuzwa nusu upande, unalazwa kwa haraka kichwa kikining'inia kidogo nje ya ukingo, na daktari anayatazama macho. Zinapita sekunde chache kimya, halafu macho yanaanza kuzunguka yakielekea sikio la chini. Tukishalijua sikio na mfereji, tunazitoa chembe kwa njia aliyoibuni daktari Mmarekani, John Epley, ambayo aliichapisha 1992. Kutoka mkao huo, kichwa kinageuzwa polepole hadi upande wa pili, kisha mwili mzima unafuata hadi uso uelekee sakafu, kisha unaketishwa. Kila mkao tunangoja kama nusu dakika hadi dakika nzima, chembe zitambae hadi zirudi kwenye kifuko. Robo saa hazifiki. Wengi hupona kwa mara moja au mbili, ingawa kwa wengine hurudi baada ya miezi na hufanywa tena.

Usijaribu kwanza kwa video ya simu. Maelezo yako yanaashiria sikio la kulia, lakini kuashiria si kupima, na mfereji ukiwa mwingine, mzunguko ni mwingine. Tafuta daktari wa masikio, pua na koo, au mtaalamu wa tibamaungo aliyefunzwa kazi hii, na umwambie kama una matatizo ya shingo. Vidonge mwoneshe, akuachishe. Nenda pia bila kuvimeza siku hiyo, maana vinaweza kuficha kile anachotaka kukiona.

Na kama siku moja kizunguzungu kitakuja na maneno kukwama, kuona vitu viwili viwili, uso au mkono kulegea upande mmoja, maumivu makali ya kichwa ya ghafla, au kushindwa kabisa kusimama, usisubiri kliniki wala mtu yeyote. Huenda ni kiharusi, na ni hospitali saa hiyo hiyo.

Jirani yako anakutakia kheri, na bado nakuomba usiende kutiwa mafuta. Daktari mmoja wa Vienna, Robert Bárány, alipokuwa akiosha masikio ya wagonjwa aliona kwamba maji ya baridi huwatia kizunguzungu, macho yakacheza upande mmoja, na maji ya moto yakayachezesha upande wa pili. Maji yenye joto la mwili hayakufanya kitu. Akatambua kwamba joto linapenya hadi kwenye mfereji, na maji ya ndani yakipata joto hupanda, yakipoa hushuka. Kazi hiyo ilimpa Tuzo ya Nobel ya 1914, na hadi leo tunapima masikio kwa njia yake. Yule mzee anapotia mafuta yaliyozidi joto la mwili, nawe ukazungukwa, anakwambia maradhi yanatoka. Hayatoki. Ni sikio zima likijibu joto, na mimi nikilitia maji ya moto sikio la mtu asiye na ugonjwa wowote atazungukwa vivyo hivyo. Kisha joto linapotea, utulivu unarudi, unalipa, na chembe ziko pale pale. Nimewasafisha watu waliotiwa mafuta yenye vitunguu saumu wakiwa na tundu kwenye ngoma ya sikio bila kujua, usaha umejaa hadi nyuma yake.

Kuna njia ya mkato nyingine inayoniogopesha zaidi, na nayo huvaa koti jeupe: sindano ya gentamaisini. Ni dawa nzuri mahali pake, inaokoa watoto wachanga wenye maambukizi ya damu, na sitaki mzazi aikatae hospitali. Lakini hapa kwetu kuna vyumba vya matibabu ambako mtu aliye na homa au maumivu ya kiuno hudungwa siku baada ya siku, bila kupimwa figo, bila kuambiwa jina. Dawa hii yaweza kuua vile vinywele vya sikio la ndani, na vikifa havioti tena. Kwa kuwa hufa kulia na kushoto kwa pamoja, hakuna tofauti ya kusoma, na mgonjwa huenda asizungukwe kamwe. Mara nyingi anasikia vizuri. Anachopoteza ni ile amri ya sehemu moja ya mia ya sekunde.

Ninaye mzee wa Mji wa Kale aliyedungwa hivyo kwa muda mrefu. Akiketi barazani anasoma gazeti bila shida. Akitembea, kila hatua mtaa unaruka, na watu wanaomsalimu hawatambui mpaka asimame. Kwenda Isha hupapasa ukuta kwa kiganja, kwa sababu gizani macho hayamsaidii na sikio halimwambii wima ni wapi. Tumefanya mazoezi ya kadi kwa miezi, amepata nafuu kiasi cha kushuka ngazi peke yake, ila kilichokufa kimekufa.

Basi wewe na wa nyumbani kwako, kabla ya kukunja mkono wa nguo, ulizeni dawa inaitwaje, ni ya siku ngapi, na figo zimepimwa lini. Mwenye umri mkubwa au mwenye ugonjwa wa figo aulize mara mbili. Na anayedungwa akiona ubao wa duka unarukaruka anapotembea, au anayumba akifumba macho kuosha uso, arudi siku hiyo hiyo aseme hivyo, na sindano inayofuata ingoje hadi daktari amwone.