Maswali na Majibu: Ufilipino Kabla ya Wahispania na Chini Yao

Maswali ya aina ya "Wafilipino wa zamani walikuwa wanafanya nini?" nimeyaweka kando yote. Wafilipino wa kisiwa gani, karne gani? Mwifugao wa milimani, Mtagalogi wa Manila na Mwislamu wa Sulu hawakuwahi kuwa na desturi moja. Nimejibu yanayojibika.

Nataka tatuu ya jina langu, Rehema, na la mume wangu, Hassan, kwa hati ya baybayin. Programu ya simu imenipa herufi sita kwa kila jina. Ni sawa?

Si sawa, na usimkaribie mchoraji bado. Baybayin, hati ya kale ya Watagalogi, ina herufi 17: 3 za irabu na 14 za konsonanti, na kila konsonanti imebeba *a* ndani yake. Kialama kiitwacho kudlit kikiwekwa juu ya herufi, *a* inageuka *i* au *e*. Kikiwekwa chini, inakuwa *u* au *o*. Rehema basi ni herufi tatu tu: *da* yenye kudlit juu (*d* na *r* zilitumia herufi moja), *ha* yenye kudlit juu, kisha *ma*. Msomaji atajua mwenyewe kama ni Rehema au Dihima, kama walivyopambanua *i* na *e* wasomaji wa tenzi zetu katika hati ya Kiarabu.

Hassan ndiye mwenye matatizo. Konsonanti isiyofuatwa na irabu haikuandikwa, kwa hiyo kwa mtindo wa kale mumeo anabaki Hasa. Ukitaka *n* ya mwisho, kuna alama ya msalaba aliyoianzisha padri Francisco López mwaka 1620, ila ujue hiyo ni nyongeza ya mmisionari. Programu yako inabadilisha kila herufi ya Kilatini kwa herufi moja ya baybayin, na matokeo yake yanasomeka "Daihaimaa". Wapo wengi wanaotembea na upuuzi huo mabegani.

Ni kweli Wahispania walichoma vitabu vyote vya wenyeji?

Masanamu ya anito, yaani mizimu iliyoabudiwa, walichoma kweli. Uchomaji wa maktaba nzima hauna ushahidi: watu waliandika kwa ncha ya kisu juu ya mianzi na majani, na vitu hivyo havidumu kwenye joto na unyevu. Mapadri wenyewe walichapisha Doctrina Christiana, kitabu cha mafundisho ya Kikristo, mjini Manila mwaka 1593, na Kitagalogi chake kiliwekwa kwa hati ya Kilatini na kwa baybayin pia.

Mbona huzungumzii Sheria za Kalantiaw za mwaka 1433?

Kwa sababu hazikuwapo. Ni maandishi ya kughushi yaliyotoka kwa Jose E. Marco mwanzoni mwa karne ya 20. Mwanahistoria William Henry Scott aliyaumbua katika utafiti wake uliochapishwa mwaka 1968, na taasisi ya taifa ya historia ikayakana rasmi mwaka 2004. Atakayeniletea tena orodha ya adhabu zake za kukatwa vidole na kuachiwa siafu asisubiri jibu.

Mnaotafuta hati ya kale, ipo: bamba la shaba la Laguna, lililopatikana mwaka 1989. Tarehe yake inaangukia mwaka 900, hati yake ni Kawi, hati ya kale ya Java, lugha yake ni Kimalei cha kale chenye maneno mengi ya Kisanskriti. Linaeleza kwamba deni la mtu aitwaye Namwaran, dhahabu ya kati 1 na suwarna 8 (vipimo vya uzito), limefutwa. Ni stakabadhi tu, haina hadithi ya kusisimua, na labda ndiyo maana hamuisambazi.

Wahispania waliwalazimisha wenyeji kuvaa barong, shati jepesi linaloonyesha mwili, ili wasifiche silaha?

Hakuna aliyewahi kuionyesha sheria hiyo. Shati la kuachia nje ni vazi la nchi ya joto, na matajiri wa karne ya 19 walilipa fedha nyingi kuvaa kitambaa chake chepesi. Mtu haadhibiwi kwa kuvalishwa kitu cha ghali kuliko vyote dukani.

Nimeuziwa kitambaa cha piña. Nitajuaje kama ni halisi, na bei hiyo inatoka wapi?

Piña hufumwa kwa nyuzi za jani la nanasi, na nanasi lenyewe ni mgeni, lililetwa na Wahispania kutoka Amerika. Wenyeji walikuwa tayari wanafuma nyuzi za abaka, ambayo ni jamii ya mgomba, wakahamishia ustadi huo kwenye jani jipya. Kitovu chake ni Kalibo, mkoani Aklan, na UNESCO iliuorodhesha ufumaji huo mwaka 2023.

Jani hulazwa juu ya ubao na kukwaruzwa kwa ukingo wa sahani ya kauri iliyovunjika, zikatoka nyuzi nene za juu, bastos. Tabaka la chini hukwaruzwa kwa kifuu cha nazi, mkono ukiwa mwepesi, ndipo hupatikana liniwan, nyuzi nyembamba kama unywele. Ukiendelea na kigae cha sahani hapa, unazikata. Nyuzi huoshwa, huanikwa, kisha huungwa ncha kwa ncha kwa fundo dogo, moja baada ya moja, kwa kuwa hakuna uzi unaozidi urefu wa jani lake. Hazisokotwi. Bei imo ndani ya mafundo hayo. Uzi ukikauka mno hukatika ukiwa kwenye kitanda cha kufumia, na kila unapokatika ni fundo jingine.

Kupima, chomoa uzi mmoja kwenye pindo uuchome. Uzi wa mmea huungua kama karatasi na kuacha jivu laini. Polista huyeyuka na kuacha kidonge kigumu. Ukisikia harufu ya nywele, kuna hariri ndani. Mchanganyiko huo, piña-seda, ni halali kabisa ilimradi muuzaji amekwambia. Na usikihifadhi kikiwa kimekunjwa, maana kitakatikia mkunjoni. Kiviringishe.

Makanisa ya zamani ni sanaa ya Wahispania au ya Wafilipino?

Angalieni ukuta wa mbele wa kanisa la Miagao, Iloilo, lililokamilika mwaka 1797: Mtakatifu Christopher ameshika mnazi, na kando yake kuna mipapai na mipera. Padri alileta ramani ya Ulaya, wachongaji wakachonga miti ya kwao. Kanisa la Paoay, lililokamilika mwaka 1710, lina nguzo nene za kuegemeza kuta dhidi ya matetemeko, na mnara wa kengele umejengwa mbali ili ukianguka usilibomoe kanisa.

Hukuuliza, lakini nasema: anayekarabati majengo ya namna hii kwa saruji anayaua. Matumbawe na matofali hupumua. Saruji huziba, unyevu hubaki ndani, chumvi husukuma uso wa jiwe hadi ubanduke. Tumia chokaa iliyoivishwa vizuri kwa maji. Hilo linawahusu na wenye nyumba za mawe Lamu na Unguja.

Balangay, chombo cha kale cha Ufilipino, ni sawa na mtepe wetu?

Ni tofauti. Mbao za mtepe zilishonwa kwa kamba za usumba. Mbao za balangay zilizofukuliwa Butuan zimeunganishwa ukingo kwa ukingo kwa vigingi vya mti mgumu. Kwa ndani fundi aliacha vinundu vilivyochongwa kwenye ubao wenyewe na kuvitoboa, ili mataruma yafungwe hapo kwa kamba za nyuzi za mti wa jamii ya mtende uitwao cabo negro. Ubavu uliundwa kwanza, mataruma yakafuata. Undugu wenu na watu wa visiwa vile utafuteni kwenye mirengu ya ngalawa.

Ngoma ya tinikling ilitokana na adhabu ya Wahispania?

Hapana, inaiga ndege aitwaye tikling. Weka mianzi miwili mirefu juu ya vibao viwili, igonge kwenye vibao mara mbili, kisha igonganishe mara moja. Mguu unaoumia ni ule uliobaki ndani kwenye pigo la tatu.