Dirisha lisilofunguka linavuja: tafuta maji yanapoingilia kwanza

Mkuu, umesema kile kipande cha dirisha kisichofunguka hapo sebuleni kinaingiza maji kila mvua ikija na upepo, na fundi kashapaka silikoni mara mbili. Yamenikuta hayohayo Mbezi, masika mawili mfululizo. Fundi wangu naye alipaka silikoni juu ya ile kuukuu. Haikumaliza mwezi. Mpya haishiki juu ya ya zamani, inabanduka kama ganda la kidonda.

Usinunue kitu bado. Mtu akae ndani na tochi, wewe nje na mpira wa maji. Anza kumwagia chini ya fremu dakika tano hivi, halafu pembeni, mwisho juu. Ukianza juu maji yatateremka kote na hutajua lolote. Kwangu chini pakavu, pembeni pakavu. Nilipofika juu, mke wangu akapiga kelele. Ufa kati ya aluminiamu na plasta, mwembamba hata kucha haiingii! Na doa lote lilikuwa chini ya dirisha.

Halafu angalia vitundu vya chini, upande wa nje wa fremu. Vile ni vya kutolea maji. Fundi wangu alidhani ni kasoro, akaviziba, maji yakawa yanajaa kwenye fremu na kumwagikia ndani. Vizibue kwa msumari, basi.

Kazi yenyewe si kubwa, kinachochosha ni kukwangua. Toa silikoni yote ya zamani kwa wembe, futa kwa spiriti, acha pakauke kabisa. Nunua silikoni ya nyutro, yaani isiyonuka siki, ya matumizi ya nje. Ile inayonuka siki haielewani na saruji. Bandika tepu ya karatasi pande zote mbili za ufa, paka, lainisha kwa kidole chenye maji ya sabuni, ubandue tepu hapohapo kabla silikoni haijafanya utando juu. Inakauka kina cha milimita 2 au 3 hivi kwa siku, kwa hiyo usifanye wingu likiwa limetanda.

Ila kama kioo chenyewe kinacheza ukikisukuma, shida ni ile raba inayobana kioo kwenye fremu, jua limeikausha. Kata kipande cha ile ya zamani, nenda nacho kwenye maduka ya aluminiamu Kariakoo ulinganishe unene. Ukinunua kwa kukisia utarudi.