Barua kwa Mwanangu: Mwenye Kutishia Msadiki

Mwanangu,

Waalaikum salaam. Sauti yako nimeisikiliza mara tatu, ya mwisho nikiwa peke yangu darini. Unauliza: ukienda mahakama ya Malindi kuomba amri ya ulinzi, kwa vile baba watoto anakutumia vitisho vya panga tangu mwachane, je, polisi watakulinda kweli?

Ule mkono wa mamako mdogo usionyooka, nyote mliambiwa aliteleza kisimani. Hakuteleza. Nilikuwa na mimba yako alipokuja kutoka Faza, buibui limechanika mkono mpaka kwapani, akasema mumewe ameapa kumkata. Wazee wakakaa dakani, wakasema mambo ya nyumbani humalizwa nyumbani, yale ni maneno ya hasira tu. Kahawa yao niliimimina mimi. Usiku nikakaa na kandili, nikamshonea ule mkono wa buibui ili watu wa bandarini wasione. Uzi mweusi ulinishia, nikamalizia wa buluu. Alfajiri maji yalipojaa, boti zikaweza kupita mkondo wa Mkanda, akarudi kwake. Siku ya kumi tukaletewa habari.

Mwenye kutishia msadiki. Nimewaambia mpaka mmechoka, na sasa wajua nilikolitoa.

Hata wakati ule kutishia kuua kulikuwa kosa. Kituo kilikuwapo, hatukwenda. Leo kuna na ile sheria ya 2015 ya kukinga watu na ukatili wa majumbani, nayo inamshika hata mume mliyeachana. Hakimu anaweza kukupa amri ya muda kabla hajamsikiliza yeye, na akaagiza askari wakusindikize ukachukue vitu vyako. Nguo za watoto si bado ziko kule? Akiivunja amri, ni kifungo cha hadi miezi 12, au faini ya hadi shilingi 100,000, au vyote viwili. Anzia kituo cha polisi, uandikiwe kwenye OB, kile kitabu chao cha matukio, nambari uishike. Maelezo una haki ya kumpa askari mwanamke. Wakikwambia rudi kesho, usiondoke. Na zile sauti zake usizifute hata moja.

Lakini kulindwa kweli? Amri ni karatasi, mwanangu. Askari hatalala mlangoni kwako, na panga halijui kusoma. Jana nilikuwa nimeshaamua nikwambie uhame tu, uje Lamu. Kisha nikajiuliza: uhame wewe, kwa kosa gani? Na atakayekutafuta Malindi, Lamu hapajui? Bora huyo askari awe na karatasi mkononi ya kumkamatia, kuliko aje kuuliza habari baadaye.

Baba yako ataka wazee wa upande wa pili waitwe kwanza. Sikumjibu vibaya. Talaka yenu waliisimamia kwa haki, hilo nalikiri. Lakini alipotaja kahawa niliinuka nikatoka. Mwenye kutishia msadiki, hata akiwa ametoka msikitini sasa hivi.

Uamuzi ni wako, wewe ndiwe uliyeishi naye. Nenda sikwambii. Ila basi la Jumapili nimeshakata, nitavuka Mokowe alfajiri, na Jumatatu asubuhi niko nawe popote utakapokuwa. Tikiti ni mbili. Mamako mdogo amesema anakuja, na akiulizwa ataonyesha mkono.

Mamako