Vieira kazaliwa Dakar, sio Ufaransa

Hapana kaka, umesema Patrick Vieira, yule kiungo wa zamani wa Arsenal na Ufaransa, ni Mfaransa wa kuzaliwa kulekule, ila hakuzaliwa Ufaransa, kazaliwa Dakar Senegal mwaka 1976 akahamia Ufaransa na familia akiwa na miaka 8 tu. Ila unaposema ni Mfaransa hapo hujakosea, babu yake alitumikia jeshi la Ufaransa ndo maana uraia alikuwa nao toka anazaliwa, na Senegal hajawahi kuichezea hata mechi moja. Mi hili nalikumbuka vizuri sababu ya ile mechi ya Kombe la Dunia, Ufaransa na Senegal, 31 Mei 2002 kule Seoul, tumejazana banda la video hapa Chikongola mchana kweupe, joto la Mtwara mnalijua, Papa Bouba Diop kapiga goli moja Senegal wanashinda watu wanarukiana juu ya mabenchi, mi macho yangu kwa Vieira tu, kavaa jezi ya Ufaransa anafungwa na nchi aliyozaliwa, iliniuma sana maana nilikuwa nampenda toka Arsenal.

Ukocha alianzia kwa vijana wa Man City, 2016 akapewa timu ya New York City kule Marekani, halafu Nice, Crystal Palace, Strasbourg, na Novemba 2024 akaenda Genoa ya Italia. Na Senegal hajaitupa, ni mmoja wa waanzilishi wa akademi ya Diambars pale Saly, watoto wanasoma na kucheza mpira hapohapo, kwangu mi hilo ni kubwa kuliko hata Kombe la Dunia alilobeba na Ufaransa 98.