Maswali na Majibu: Nani Anatangulia Kwenye Tange?

SWALI: Niliajiriwa na halmashauri moja mkoani Kigoma mwaka 2013 nikiwa fundi sanifu ujenzi. Nikasoma shahada, na 2020 nikabadilishwa kada kuwa Mhandisi Daraja la II. Kwenye tange (orodha ya watumishi kwa ukubwa wao kazini) nimewekwa chini ya kijana aliyeajiriwa 2018. Miaka yangu saba imekwenda wapi?
Msomaji, Kasulu

JIBU: Haijapotea, ila hapo haihesabiwi. Tange hupangwa kwa kada na cheo, na kinachotazamwa kwanza ni tarehe ya kushika cheo cha sasa, si tarehe ya kuingia serikalini. Ulipobadilishwa kada ulianzia ngazi ya chini ya wahandisi, na humo kijana huyo amekutangulia miaka miwili. Miaka ya ufundi sanifu utaiona kwenye mafao ya kustaafu. Inauma, lakini kwa hili afisa utumishi hajakosea.

Anapoweza kukosea ni kwenye tarehe yenyewe. Omba kuuona mstari wako: cheki namba, tarehe ya kuajiriwa, ya kuthibitishwa, ya cheo cha sasa. Hiyo ya mwisho ilinganishe na barua yako ya kubadilishwa kada. Kosa la kawaida ni kuingiza siku barua ilipoandikwa, au mwezi mshahara ulipobadilika, badala ya tarehe ya kuanza kutumika iliyotajwa ndani ya barua. Miezi michache tu inatosha kukurudisha nyuma ya wenzako kadhaa. Ukikuta kosa, mwandikie mwajiri kupitia mkuu wa idara, ambatisha barua husika, na ubaki na nakala iliyogongwa muhuri wa masjala. Malalamiko ya mdomo hayaingii kwenye jalada.

Hata hivyo, usiitegemee tange peke yake. Tangu sera ya utumishi ya 1999, sifa na utendaji ndivyo vinavyopewa uzito. Daraja la I linataka uzoefu usiopungua miaka mitatu, tathmini nzuri kwenye PEPMIS (mfumo wa kupima utendaji wa watumishi, uliochukua nafasi ya OPRAS), na nafasi iliyotengwa kwenye ikama (idadi ya watumishi iliyoidhinishwa) na bajeti. Halafu kuna usajili wa Bodi ya Usajili wa Wahandisi, na hapa wengi hukwama: mtu anabaki mhandisi mhitimu, ngazi ya kuanzia ya usajili, mwaka hadi mwaka, kwa sababu hakuandika taarifa za mafunzo kazini wala kumtafuta mhandisi mtaalamu wa kumsimamia. Akifunguliwa njia, hana cheti cha kuonyesha. Tange huamua pale nafasi ikiwa moja na wenye sifa zinazolingana mkiwa wawili.

SWALI: Wahandisi watatu tumepanda daraja siku moja. Mkubwa kwenye tange ni yupi?
Msomaji, Uvinza

JIBU: Hesabu inarudi nyuma. Aliyekishika mapema cheo kilichotangulia ndiye mkubwa. Mkilingana hapo pia, itazameni tarehe ya ajira ya kwanza katika kada. Umri wa shahada hauhusiki, wala chuo ulichosoma.